Hatari za Kusasisha Michezo ya Nakala Haramu

Mama mmoja anayefanya biashara ya vitenge kati ya Bujumbura na Uvira alifika katika kituo chetu akiwa amemshika mkono mwanawe wa miaka kumi na miwili. Katika mkono wa pili alibeba kifaa cha michezo cha aina ya PSP, amekiviringisha katika kitambaa. Nyuma yao alifuata kijana mwenye kibanda cha kuingiza nyimbo, filamu na michezo katika simu za watu. "Afande, huyu ameua mashine ya mwanangu," alisema mama. Kijana akajibu bila ukali, "Mama, sikuiua. Niliisasisha tu, na mtoto mwenyewe ndiye aliyeniomba."

Tuliwasikiliza wote watatu, tukaona kwamba hakuna aliyesema uongo. Mtoto alikuwa na mchezo mpya wa mpira wa miguu, nakala aliyopewa na rafiki yake wa shule. Kifaa kilikataa kuufungua, kikaandika kwamba programu yake ya mfumo ni ya zamani na inahitaji kusasishwa. Kijana akatafuta sasisho katika intaneti, akalipata mahali asipopajua, akaliingiza kwa kadi ya kumbukumbu. Kifaa kikazima. Tangu hapo, kila kinapowashwa, taa ya kijani huwaka kwa muda mfupi, kioo hubaki cheusi, kisha taa huzimika. Fedha zilizokinunua zilikuwa faida ya miezi miwili ya kuvuka mpaka na mizigo.

Mashauri ya namna hii hayajazi vitabu vyetu kama yanavyovijaza ya wizi wa baiskeli na ugomvi wa mipaka ya mashamba. Hata hivyo tumeona inafaa tuyaeleze kwa urefu kwa ndugu zetu wa Gatumba, Rumonge, Nyanza-Lac, Mugina na Kobero, kwa sababu njia iliyoua kifaa cha mtoto huyu ndiyo ile ile inayomwingiza mwizi katika simu ya mzazi wake.

Kifaa cha michezo cha mkononi ni kompyuta ndogo. Ndani yake mna kumbukumbu ya kudumu inayohifadhi programu ya mfumo, yaani maagizo ya kwanza ambayo kifaa huyasoma kinapowashwa, kabla ya kuonyesha picha yoyote. Katika maagizo hayo yumo mlinzi wa mlangoni. Mtengenezaji huyatia mhuri wa kielektroniki maagizo yake na michezo iliyo halali, na mlinzi huukagua mhuri huo kabla ya kufungua. Nakala haramu haiwezi kupita hapo. Kwa hiyo anayetaka kuicheza huanza kwa kumbadilisha mlinzi: huingiza programu ya mfumo iliyochezewa, ambayo haimuulizi mgeni atokako.

Kifaa kilichochezewa kinaweza kufanya kazi miaka mingi, na ndiyo maana wazazi hudhani kwamba hakina kasoro. Shida huja siku ya kusasisha. Kusasisha programu ya mfumo ni kufuta maagizo ya kwanza na kuandika mengine mahali pale pale, na katika dakika hizo chache kifaa hakina uwezo wa kujitetea. Uandishi ukikatika katikati, kinabaki na nusu ya maagizo, na nusu haitoshi kukiwasha. PSP inapopewa sasisho halali hukataa kuanza kazi mpaka betri iwe na chaji ya kutosha na waya wa umeme uwe umechomekwa. Sisi tunaoishi na umeme unaoondoka bila kuaga tunaelewa vizuri sababu ya sharti hilo.

Basi kifaa kilichochezewa kikipewa sasisho halali, mara nyingi mlinzi wa kweli hurudi kazini na michezo yote ya nakala haramu hukataliwa. Huo ni usumbufu, si msiba. Lakini pale ambapo sehemu za mfumo zilibadilishwa kwa namna ambayo mtengenezaji hakuitarajia, maagizo mapya hukaa juu ya msingi usiolingana nayo, na kifaa hakiwaki tena. Wataalamu hukifananisha kifaa cha namna hiyo na tofali: kina uzito, hakina kazi.

Hatari kubwa zaidi ni sasisho lisilotoka kwa mtengenezaji kabisa. Oktoba 2005, PSP ikiwa haijatimiza hata mwaka mmoja tangu ianze kuuzwa Japani, ilienea programu iliyojitangaza kuwa inakirudisha kifaa kutoka toleo la mfumo 2.00 hadi toleo la zamani 1.50, ambalo lilikuwa rahisi kuchezewa. Vijana wengi waliitamani. Programu ile haikurudisha chochote. Ilifuta mafaili manne ya msingi katika kumbukumbu ya kudumu, na kifaa kikafa hapo hapo. Kampuni ya Symantec iliipa jina Trojan.PSPBrick, nayo huhesabiwa kuwa programu ya kwanza ya hujuma iliyolenga kifaa cha michezo cha mkononi. Mwezi huo huo ikaonekana nyingine ya aina hiyo kwa ajili ya Nintendo DS. Programu hizo hazikudai faranga hata moja kutoka kwa waathiriwa. Zipo hujuma ambazo faida yake ni kicheko cha mtu aliye mbali, na mzazi anayesema "nani ahangaike na mtoto wangu wa Kanyosha?" hajaifikiria sababu hiyo.

Lipo jambo moja ambalo lingemwokoa mtoto wetu, na tunaomba likumbukwe. Toleo la mwisho la programu ya mfumo ambalo Sony ililitoa kwa PSP ni 6.61, la Januari 2015. Baada ya hapo halikutoka jingine. Yeyote anayekuja leo na "sasisho jipya la PSP" lenye nambari kubwa kuliko hiyo analeta kitu kilichoandikwa na mtu mwingine. Tuliiandika nambari hiyo katika karatasi na kuwaonyesha mama na kijana. Kijana aliitazama kwa muda mrefu, kwa sababu faili aliloliingiza lilikuwa na nambari ya juu zaidi.

Huenda msomaji akadhani kwamba wauzaji wa vifaa vya kuchezea nakala haramu, kwa kuwa wanahitaji wateja, angalau watawalinda wateja wao. Kisa cha Januari 2014 kinaonyesha kinyume. Wakati huo iliuzwa kadi iliyoitwa Gateway, ya kuchezea nakala haramu katika Nintendo 3DS. Kadi hiyo nayo ikaigwa na watu wengine wakauza mfano wake kwa bei ndogo. Watengenezaji wa Gateway wakatoa sasisho, na wachunguzi walioifungua programu hiyo walikuta ndani yake maagizo ya kuharibu kifaa pale itakapotambua kwamba kadi iliyotumika ni ya kuiga. Walikuwapo pia walionunua kadi ya Gateway yenyewe ambao walilalamika kwamba vifaa vyao vimekufa. Mwizi alitega mtego wa kumnasa aliyemwibia, na walionaswa ni watoto vitandani mwao. Mteja wa namna hii hana pa kupeleka malalamiko: muuzaji hajulikani, duka halina anwani, risiti haipo.

Tumezungumza kuhusu kifaa kinachokufa. Kipo pia kifaa kinachobaki hai lakini kimefungiwa nje, nacho kinawahusu zaidi wanaonunua bidhaa zilizotumika zinazopitia Kigoma, Nairobi au Dubai. Kadi halali ya mchezo wa Nintendo Switch hubeba cheti chake cha pekee, mfano wa nambari ya kitambulisho. Kadi moja ikinakiliwa na nakala zake zikatumika katika vifaa vingi, mtengenezaji huona cheti kimoja kikitokea mahali pengi kwa wakati mmoja. Tangu mwaka 2018 Nintendo imekuwa ikivifungia vifaa vinavyokutwa na michezo ya namna hiyo visiingie tena katika huduma zake za mtandaoni. Kifaa kilichofungiwa hakina kovu lolote nje. Kinang'aa, kinacheza mbele ya mnunuzi, na dosari yake hugunduliwa nyumbani.

Mwaka 2025, baada ya Nintendo Switch 2 kuanza kuuzwa mwezi Juni, mnunuzi mmoja aliyenunua michezo halali iliyotumika alijikuta amefungiwa kifaa chake, kwa kuwa huenda mwenye kadi wa kwanza alikuwa amezinakili kabla ya kuziuza. Alifunguliwa baada ya kuwaonyesha Nintendo uthibitisho kwamba alizinunua. Tunalitaja hili kwa ajili ya wale wanaocheka tunapowaambia wadai risiti kwa bidhaa kuukuu. Anayenunua kifaa kilichotumika akiwashe mbele ya muuzaji, akiunganishe na intaneti papo hapo, ahakikishe kwamba duka rasmi la kifaa linafunguka na kwamba akaunti ya mmiliki wa awali imeondolewa. Nambari ya kifaa iandikwe katika risiti pamoja na jina na simu ya muuzaji. Muuzaji anayekataa sharti hilo amejibu swali ambalo hatujamuuliza bado.

Sasa tuje kwa simu, kwa kuwa katika nyumba nyingi za Buyenzi, Bwiza au Gatumba simu ya mzazi ndiyo kifaa cha michezo. Mtoto huiomba baada ya chakula cha jioni, mzazi humpa ili apumzike kidogo. Mtoto anataka mchezo ambao wenzake wanao, wenye sarafu zisizokwisha na milango iliyofunguliwa yote. Mchezo wa namna hiyo haupatikani katika duka rasmi la programu. Hutumwa kwa simu kutoka kwa rafiki, au hushushwa mahali fulani, na kabla ya kuingia huiambia simu iruhusu programu kutoka vyanzo visivyojulikana. Wiki chache baadaye hudai kusasishwa. Mtoto aliyekwisha kuruhusu mara ya kwanza hasomi tena maandishi ya mara ya pili.

Julai 2016, mchezo wa Pokémon GO ulipotolewa kwanza Australia na New Zealand, nchi nyingine ziliachwa zikisubiri. Katika muda usiozidi saa 72, wachunguzi wa kampuni ya Proofpoint walisema wamekuta nakala yake iliyofumwa pamoja na programu ya ujasusi iitwayo DroidJack, ambayo humpa mtu wa mbali mamlaka juu ya simu nzima. Mchezo wenyewe ulicheza kama kawaida. Tofauti ilionekana katika ruhusa ulizoomba: nakala ile ilitaka kushughulikia ujumbe mfupi na kurekodi sauti, mambo ambayo mchezo wa kutafuta vinyago hauna haja nayo.

Mwananchi wa mpakani alitafakari hili kuliko mwingine yeyote. Mfanyabiashara anayevuka Gatumba au Mugina hubeba laini mbili au tatu: Lumicash au EcoCash ya upande huu, Airtel Money, Orange Money au M-Pesa ya upande wa pili. Fedha za mzigo wa kesho zimo humo. Programu inayosoma ujumbe mfupi huona salio, huona majina ya wateja, huona namba za siri za muda zinazotumwa kuthibitisha malipo. Huhitaji kumpigia mwizi simu na kumtajia chochote; mwanao amekwisha kumkaribisha ndani wakati akitafuta sarafu za mchezo.

Vibanda vya kuingiza michezo vina hatari yao ya pekee, na vijana wenye vibanda hivyo tunawaomba wasituone kuwa maadui. Faili nyingi za nakala haramu huja na agizo la kuzima kwanza programu ya kukinga virusi katika kompyuta, kwa madai kwamba kinga hiyo "hukosea". Kijana huizima, kwa kuwa mteja anasubiri. Katika kompyuta hiyo hiyo watu huchapisha barua za kuomba kazi, huskani vitambulisho na hati za kuvukia mpaka, hutuma picha za watoto wao kwa ajili ya shule. Kilichoingia kwa ajili ya mchezo mmoja husoma yote hayo. Mwenye kibanda akishindwa kuacha kazi ya michezo, basi angalau asiifanye katika kompyuta inayoshika hati za watu. Tunasema hivyo tukijua kwamba si jibu kamili, kwa maana kazi yenyewe ina shida mbele ya sheria.

Katika nchi yetu, Sheria Na. 1/021 ya tarehe 30 Desemba 2005 inalinda haki za watunzi, na programu za kompyuta zimo katika ulinzi huo. Sheria Na. 1/10 ya tarehe 16 Machi 2022 inahusu kuzuia na kuadhibu uhalifu wa mtandaoni. Kuvuka mto hakumsaidii mkosaji: Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ina Kanuni yake ya Kidijitali ya tarehe 13 Machi 2023, na Tanzania ina Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Polisi wa nchi zetu hushirikiana kupitia Interpol na kupitia EAPCCO, umoja wa wakuu wa polisi wa Afrika Mashariki. Kwa mfano wa mbali zaidi, mmoja wa wakubwa wa kundi la Team Xecuter, lililouza vifaa vya kuvunjia ulinzi wa Nintendo Switch, alikuwa raia wa Kanada. Alikamatwa katika Jamhuri ya Dominika mwaka 2020 na kuhukumiwa Marekani, Februari 2022, kifungo cha miezi 40.

Kifungo hicho hakiwahusu watoto wenye PSP, na hatukukitaja ili kuwatisha. Kinachotusumbua ni woga mwingine. Wengi wanaoibiwa fedha kwa njia ya programu haramu hawaji kituoni, kwa sababu wanajua kwamba lile lililofungua mlango lilikuwa kosa lao wenyewe. Mwizi anaujua woga huo, naye anauhesabu kuwa sehemu ya mtaji wake. Wapo wanaotuuliza kando, si ofisini: "Nikija kushtaki, sitashtakiwa mimi?" Hatuwezi kuahidi kwa niaba ya mwendesha mashtaka, na afisa atakayekupa ahadi hiyo amevuka mamlaka yake. Tunachoweza kusema ni kwamba afisa wa upelelezi anayepokea malalamiko ya akaunti iliyokombwa humtafuta aliyeikomba. Kila saa inayopita mwenye mali akijadiliana na aibu yake, fedha hupita katika laini nyingine na nyingine.

Likitokea, piga simu kwanza kwa kampuni ya laini yako ili akaunti izuiwe, ukitumia simu nyingine. Zima intaneti katika simu iliyoathirika, lakini usiifute yote wala usiipeleke kwa fundi "aisafishe", kwa kuwa kinachosafishwa ni ushahidi. Usifute ujumbe hata kama unakuaibisha. Kisha njoo na simu hiyo, kitambulisho chako, na jina la mchezo au faili lililoingizwa. Kama aliyeliingiza ni mtoto, njoo naye, na tunaomba asiwe amepigwa njiani, kwani mtoto aliyepigwa hakumbuki vizuri alibonyeza nini. Namba za siri za malipo libadilishwe kila moja, na zibadilishwe katika simu iliyo salama.

Tumrudie mama wa vitenge. Baadhi ya PSP za matoleo ya mwanzo hufufuliwa na fundi mwenye betri iliyotengenezwa kwa kazi hiyo. Fundi aliyeitazama hii alisema si miongoni mwa hizo, akairudisha bila kudai malipo. Mama alitaka kijana afungwe. Tulimweleza kwamba hatukuona nia ya kuharibu, na kwamba mchezo uliomfikisha kijana hapo ulitoka katika mkoba wa mwanawe. Alinyamaza, kisha akamuuliza mtoto aliupata kwa nani, na mtoto akaanza kulia.

Mbele ya mkuu wa mtaa walikubaliana kwamba kijana alipe nusu ya bei kwa mafungu matatu, na mama aibebe nusu iliyobaki. Kijana alilipa fungu la tatu kituoni kwetu wiki iliyotangulia tarehe waliyopatana. Alipokwisha kutia saini, aliomba ile karatasi yenye nambari 6.61 ili aibandike kibandani kwake. Tulimwandikia nyingine, kwa herufi kubwa.